Nilivyokaa Rehani Langoni

Wenzangu wa karakana,

Siku ile mliponiaga kwa soda na keki mliniambia niandike. Nadhani mlisema hivyo ili ninyamaze, maana hotuba yangu ilikuwa imerefuka hadi keki ikaanza kuota ukungu. Sasa nimestaafu, niko nyumbani, na kukaa kwenyewe kumenishinda. Mke wangu anasema nimekuwa kama nzi aliyefungiwa chupani. Nikitoka sebuleni naingia jikoni, nikitoka jikoni naenda kufungua bomba lisilovuja nione kwa nini halivuji. Juzi jirani aliwasha jenereta, nikajikuta nimesimama mlangoni kwake na bisibisi mkononi, sijaalikwa, nikimweleza kwamba sauti ile si ya afya. Basi naandika. Mikono ikishika kalamu angalau inaacha vitu vya watu.

Sitawaambia nilipandishwa cheo lini wala mwisho wa mwezi nilikuwa nikipata nini. La kwanza halikutokea mara nyingi, na la pili lilikuwa likiisha kabla sijapata nafasi ya kulisimulia.

Mimi ni mtu wa Kaloleni. Kabla ya hospitali nilikuwa nikisukuma mkokoteni soko la Kongowea. Nimesukuma kabichi, vitunguu, viazi vya bara, na siku moja, nawaapia, nilisukuma magunia ya maharagwe na mwenye maharagwe akiwa amelala juu yake akikoroma. Binamu yangu akaniambia kuna hospitali ya serikali Likoni, njia ya kwenda Shika Adabu, inatafuta mtu mwenye kifua wa kusukuma mitungi ya oksijeni. Nikavuka siku hiyo hiyo. Mitungi yenyewe ilikuwa mizito hata nilipoisukuma, jengo ndilo lililorudi nyuma.

Walinipeleka kwa fundi mkuu, Mzee Mwinyi, Mdigo wa papo hapo Likoni, mfupi, mpole, mwenye kofia iliyokuwa nyeupe zamani. Karakana yake ilikuwa nyuma ya jiko la hospitali. Nikaingia nikasema, "Mambo, mzee." Akaendelea kukaza skrubu yake kana kwamba upepo ndio uliopita. Nikatoka, nikafikiri kidogo, nikarudi.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Sasa umeingia."

Huyo ndiye aliyenifundisha kazi. Akiitiwa mashine mbovu, kwanza alikwenda kwa muuguzi anayeitumia, akamjulia hali yake na ya watoto wake, kisha akamuuliza, "Jana ilikuwa ikifanya nini?" Siyo leo. Jana. Alisema leo kila mtu anaiona. Halafu alichomeka ncha ya bisibisi kwenye mwili wa mashine, mpini akauweka sikioni, akafumba macho. Pampu ilimweleza mambo yake yote. Nilimwona akiisikiliza friji ya chanjo kwa muda mrefu hadi nikadhani amelala, kumbe amelala kweli, lakini alipoamka alijua ubovu uko wapi.

Na alikuwa na sheria moja, ambayo wengi wenu mmeikuta na mkadhani ni mzaha. Hospitali ni mahali ambapo koleo likitoka karakana halirudi. Linaenda maabara, linafika jikoni, linaishia nyumbani kwa mtu likivunja karanga. Kwa hiyo Mzee Mwinyi aliamua: ukitaka kuazima kifaa, acha kiatu chako kimoja. Ukirudisha kifaa, unavaa. Hakujali wewe ni mfagiaji au daktari mpasuaji. Kuna siku tuliazimwa sana, basi nusu ya hospitali ilikuwa ikitembea kwa kuchechemea, na mgeni aliyeingia alidhani kuna ugonjwa mpya wa miguu. Hata watu wa mtaani walijua. Bi Saumu, anayeuza viazi karai pale langoni, jiko lake likiharibika alikuwa akija na kandambili moja tayari iko mkononi, ili asipotezewe wakati.

Kusoma nilisoma ukubwani. Nilikuwa nimeishia darasa la tatu, na vitabu vya mashine vilikuja kwa Kiingereza, kwa hiyo mimi na Mzee Mwinyi tulikuwa tukisoma picha. Siku moja tukaishika picha juu chini, tukafunga feni ya wadi ya wanaume ikawa inavuta badala ya kupuliza, na pazia likammeza mgonjwa hadi kiunoni. Jioni hiyo nikajiandikisha gumbaru. Madawati yalikuwa ya watoto, magoti yangu yakawa yanapiga masikio, na mwalimu alikuwa binti mdogo kuliko kifungua mimba wangu, aliyeniita baba na kunigombeza kwa pumzi hiyo hiyo. Nilimaliza. Cheti kimetundikwa ukutani kwangu, na kila mgeni hukisoma, apende asipende.

Mzee Mwinyi alipostaafu aliniachia karakana, bisibisi yake na sheria ya kiatu. Nikaendesha hivyo hivyo.

Sasa niwaambie juu ya kioo.

Hospitali yetu ilikuwa na nasari, kile chumba cha watoto wachanga walio wagonjwa, lakini haikuwa na inkubeta, lile sanduku la kuwapa joto. Mtoto aliyekuja kabla ya wakati alifungwa pamba na nailoni, akawekwa kifuani kwa mamake, akaombewa. Bi Saumu alimpoteza mjukuu namna hiyo. Hakulia mbele za watu. Aliwakusanya wanawake wa vikundi vya Likoni, Waislamu kwa Wakristo, wapishi wa mahamri, wauza samaki, wasusi, akawaambia watanunua. Wakapika na kuuza mwaka mzima. Nadhani hakuna mtu wa Likoni ambaye hakunenepa mwaka ule. Inkubeta ikaja kwa lori, ikateremshwa kwa vigelegele, na kwa kuwa upande wa juu unaonyesha ndani, wakaiita kioo. Ni plastiki ngumu, lakini nani angethubutu kumwambia Bi Saumu.

Kioo kilinipa kesi ngumu kuliko zote. Kilianza kulia ovyo. Joto liko sawa, umeme uko sawa, chenyewe kinalia. Sista Wambui, msimamizi wa nasari, mwanamke wa kutoka bara mwenye maneno ya haraka, aliniita mara nyingi hadi nikawa naota sauti yake. "Fundi, hii kitu yako imeanza tena." Nilibadilisha nyaya, nilibadilisha fyuzi, nilikisikiliza kwa bisibisi hadi sikio likafanya sugu. Mwisho nikakumbuka swali la mzee, nikamuuliza Sista, "Jana kilikuwa kikifanya nini?" Akasema jana kililia baada ya uji kuletwa. Nikafungua kisanduku cha nyuma. Humo ndani kulikuwa na mende wa ukoo mzima, babu na bibi na vitukuu, wamejipatia joto la bure, na harufu ya uji ndiyo iliyowatoa kutembea juu ya nyaya. Sista alipanda juu ya kiti na hakushuka hadi chakula cha mchana. Kwa hiyo, wenzangu, nyuma kwanza. Mende naye anapenda nasari.

Kisha yakaanza maneno.

Hakuna aliyesema hospitali inafungwa. Walisema inaunganishwa na ya ng'ambo, kisiwani. Neno lenyewe zuri, kama la harusi. Leo daktari wa watoto amehamishwa, kesho mtu wa maabara. Mashine ya picha za mifupa ikachukuliwa, tukaambiwa inakwenda kukarabatiwa, na mimi mkarabati nimesimama pale nikiiangalia ikipakiwa. Haikurudi. Mimi nikawa sikai. Nilizunguka wadi nikikaza vitasa ambavyo havikuwa vimelegea. Nikisikia gari kubwa barabarani natoka nje. Usiku nyumbani mke wangu aliniambia nakaza skrubu usingizini, kwenye bega lake.

Wakubwa waliitisha baraza kwenye uwanja wa shule. Bwana mmoja mwenye tai alieleza kwamba huduma zitakuwa bora zaidi ng'ambo, na kwamba kwa dharura tutaletewa ambulensi mpya. Bi Saumu akasimama, leso kiunoni.

"Mwanangu, shikilia hapo hapo kwenye ambulensi. Itavukaje?"

"Kwa feri, mama."

"Na feri ikiharibika?"

"Tutakuwa na mipango mbadala."

"Uchungu wa uzazi unaijua hiyo mipango? Au ambulensi itapiga mbizi?"

Watu walicheka hadi yule bwana naye akacheka, lakini alipoondoka alisema mpango uko pale pale. Kesho yake asubuhi wanawake walitandika mikeka langoni.

Sheria yao ilikuwa nyepesi. Mtu anaingia, mtu anatoka, mashine haitoki. Walikaa kwa zamu, na chupa za chai na sinia za muhogo, wakikagua kila kitu. Walifungua mkoba wa daktari. Walimnyang'anya muuguzi redio yake mwenyewe. Mzee mmoja aliyeruhusiwa kwenda nyumbani alizuiliwa gongo lake la chuma, akakaa nao mkekani akilalamika hadi mwanawe alipoleta picha ya harusi inayomwonyesha analo. Muuza samaki aliyekuja kumtazama mgonjwa na mizani begani alijuta kuzaliwa. Nasi wafanyakazi tulikuwa katikati. Tulikuwa upande wao, lakini mshahara ulitoka upande mwingine.

Asubuhi moja Sista Wambui alikuja karakana mwenyewe. Hakuniita kwa kelele, na hilo ndilo lililonishtua.

"Fundi, ile betri ya kioo inashika?"

"Inashika, Sista. Kuna nini?"

Kulikuwa na mama mmoja kutoka bara, Nekesa, kibarua wa godauni, aliyejifungua mtoto wa miezi saba. Mtoto alikuwa kwenye kioo, na pumzi ilikuwa ikimpotea. Alihitaji mashine ya kumsaidia kupumua, na mashine hiyo iko ng'ambo, pamoja na daktari wa watoto. Wamepigiwa simu, mashine ipo. Ila inkubeta zao zote zina watoto. Wakasema, mleteni ndani ya yenu.

Nilielewa. Siku chache kabla tulikuwa tumeambiwa kwamba kifaa chochote kitakachovuka kinaweza kupangiwa kazi huko huko.

Tulikitoa kioo taratibu. Nilikuwa nimekifungia betri ya pikipiki kwa chini, kazi yangu mwenyewe, mbaya kwa sura lakini yenye adabu. Tukakipandisha kwenye ambulensi, Sista akaingia, Nekesa akaingia akiwa bado hawezi kunyoosha mgongo, dereva Juma akawasha. Mimi nikatembea ubavuni hadi langoni, na pale wanawake walikuwa wameshasimama, wamefunga njia, leso kwa leso.

"Fungua mlango wa nyuma," Bi Saumu akasema.

Juma akafungua. Bi Saumu akatazama ndani kwa muda. Mtoto alikuwa mdogo kama mkate wa boflo, mirija puani, kifua kikipanda na kushuka vibaya.

"Mtoto apite," akasema. "Kioo kibaki."

Sista Wambui akainama kutoka ndani. "Mama, nikimtoa humu anakufa kabla hatujafika feri. Sikutishi. Nakuambia tu."

"Na mashine ya picha mlituambiaje? Si inakwenda kutengenezwa? Iko wapi?"

"Mimi si wa picha, mama. Mimi ni wa watoto."

Mwanamke mmoja wa nyuma akasema hizo ni njama, wamemtia mtoto makusudi ili kioo kitoke. Mwingine akamwambia anyamaze, mtoto hatiwi pumzi mbaya kwa njama. Wakaanza kubishana wao kwa wao. Nekesa alikuwa ameweka kiganja juu ya plastiki, hakukiondoa.

Bi Saumu akanigeukia mimi.

"Fundi Katana. Wewe hujawahi kunidanganya ila ukisimulia hadithi. Kitarudi?"

Wenzangu, mnanijua. Mimi nikiulizwa kama mvua itanyesha, naahidi na upinde. Lakini nilitazama uso wake nikashindwa.

"Sijui, Bi Saumu. Wanaweza kukizuia. Ninachojua ni kwamba huyu hana muda."

Bi Saumu akasema kama mtu anayeagiza chai, "Basi acha kiatu."

Watu wakacheka kwa wasiwasi. Mimi nikavua kandambili yangu ya kushoto nikampa. Akaitazama, akanirudishia.

"Kiatu ni cha koleo. Kioo hiki tumekinunua kwa ajili ya wajukuu zetu. Kikitoka hapa, anabaki mtu."

"Nani?"

"Wewe ndiwe karakana."

Nikakaa mkekani. Sikuwa na hotuba. Nilikunja miguu, nikaweka kisanduku changu cha vifaa kando, na Bi Saumu akainua leso yake juu, na wanawake wakaachana. Ambulensi ikapita. Nilisikia sauti ya injini yake hadi barabara kuu, na niwaambieni, ilihitaji kubadilishwa plagi.

Nimefanya kazi nyingi ngumu lakini sijafanya ngumu kama kukaa. Matako yangu hayakuwa yameijua ardhi kwa miaka. Niliwauliza saa. Niliwauliza tena. Nilitengeneza kifuniko cha chupa ya chai ambacho hakikuwa kibovu. Mwanamke mmoja akaniambia, "Shemeji, tulia, utatutobolea mkeka." Juma akapiga simu kwamba wako kwenye foleni ya feri, wamepishwa mbele. Kisha kimya. Mimi kichwani nilikuwa nikiisikiliza betri yangu ya pikipiki, nikihesabu nguvu zake zinavyoisha, kidogo kidogo. Adhuhuri Bi Saumu aliniwekea sinia ya viazi karai, na mimi ambaye mnajua nakulaje, sikuweza kumeza.

Alasiri Juma akapiga tena. Wamefika. Mtoto yuko kwenye mashine, anapumua. Lakini anapumulia ndani ya kioo, na hakuna kingine cha kumwekea. Kioo kitabaki hadi atakapoweza kutoka.

"Hadi lini?" Bi Saumu akauliza kwenye simu.

"Mama, hata daktari hajui."

Akanirudishia simu. Nikadhani ataniambia niende nyumbani. Akasogeza mkeka wangu kivulini.

"Jioni utakwenda kulala kwako, mkeo asitulaani. Asubuhi utarudi hapa hapa. Kazini kwako ni langoni."

Ndivyo karakana ilivyohamia langoni. Wafanyakazi walinitafuta huko. Wauguzi walileta mashine za kupima presha, jiko lilileta sufuria zilizong'oka mishikio, na watu wa mtaani, wakiona fundi wa hospitali anafanya kazi mbele ya hospitali, wakawa wanaingia kutibiwa, maana kabla ya hapo walikuwa wamesikia imeshafungwa. Nilikuwa nafanya kazi na shingo imegeukia barabarani. Kila simu ikilia nilipata homa. Sista Wambui, aliyekuwa akivuka kumtazama mtoto, aliniletea habari kwa mafungu. Leo amenyonya kidogo. Leo hakunyonya. Leo amepata homa. Siku ya homa sikuongea, na wanawake waliogopa kuliko siku zote.

Wakati huo ikafika zamu ya kusafisha mtungi wa kuchemshia vyombo vya upasuaji, pamoja na pampu za kunyonyea makohozi na injini ya jenereta ndogo. Haki ya Mungu, zamu ilikuwa imefika. Vijana wangu walibeba vyote hadi mkekani, nikavifungua kila kimoja, nikavitandaza juu ya gunia safi. Mbele yangu kulikuwa kama soko la samaki lililogeuka chuma.

Lori likaja siku hiyo.

Halikuwa na jina ubavuni. Msimamizi wake, kijana mstaarabu wa kutoka bara, alishuka akawaamkia wanawake vizuri, akasema ametumwa kuchukua mtungi, pampu na jenereta. Wanawake wakaanza kusimama. Nikawaomba wakae.

"Vitu vyenyewe ndivyo hivi," nikamwambia. "Karibu."

Akatazama gunia. Akatazama tena. "Mzee, mimi nimeambiwa nichukue mashine zinazofanya kazi."

"Na zinafanya kazi vizuri sana. Zikifungwa."

"Basi zifunge, nasubiri."

"Siwezi kuzifungia hapa, mwanangu, vumbi litaingia. Lazima nizirudishe ndani, na mimi siwezi kuingia ndani."

"Kwa nini?"

"Mimi ni rehani."

Akamtazama Bi Saumu. Bi Saumu akatikisa kichwa kukubali, kwa huruma kabisa.

"Kuna kioo chetu kiko ng'ambo," akamweleza. "Kikirudi, tunamwachilia. Akiinuka kabla ya hapo amevunja neno lake, na huyu bwana ni Mkristo wa kanisa."

Yule kijana akajikuna. Akapiga simu, nikamsikia akisema, "Hapana, mkubwa, ziko chini. Chini, kwenye gunia. Hapana, fundi yupo. Ndiyo, lakini amewekwa rehani." Akasikiliza. "Sijui, mkubwa. Yeye mzima, na kandambili zake." Bi Saumu akamfungia viazi kwenye gazeti, akaondoka na lori tupu, na nadhani ndiye mtu pekee wa upande ule aliyeondoka kwetu ameshiba.

Siwezi kuwadanganya, ninyi mnaobaki, kwamba tulishinda siku ile. Wakubwa walikuja, wakakutana na wanawake chini ya turubai, wakaondoka wakisema suala la kuunganisha limewekwa kando kwa sasa. Kwa sasa. Maneno hayo mawili yamekuwa yakinitembeza sebuleni hadi leo. Lakini daktari wa watoto alirudishwa, na dawa zikaonekana tena kwenye dirisha la famasia.

Kuhusu kioo hawakusema lolote, na mimi niliendelea kukaa.

Kisha asubuhi moja niliisikia plagi mbovu ya ambulensi ya Juma kabla mtu yeyote hajaiona. Ilisimama langoni. Alishuka kwanza Sista Wambui. Kisha akashuka Nekesa, mgongo umenyooka, na kwenye leso kifuani kulikuwa na kichwa kidogo chenye nywele zilizosimama kama za mtu aliyetishwa. Wanawake hawakupiga vigelegele mara moja. Walisogea kwanza, mmoja mmoja, wakamtazama. Bi Saumu alichungulia ndani ya leso, akaweka kidole kimoja kwenye shavu, akakiacha pale muda mrefu. Baada ya hapo ndipo vigelegele vilipopasuka, na nadhani feri ilitikisika.

Kioo kilikuwa nyuma ya gari, kimefungwa kwa kamba. Bi Saumu akapanda mwenyewe. Akakigonga pande zote, juu, chini, akatazama hata betri yangu.

"Ni chenyewe," akasema. "Fundi, inuka."

Ilibidi wanishike mikono. Magoti yalikuwa yamesahau kazi yao. Tukakisukuma kioo kupita langoni, mimi mbele, wanawake nyuma, wakinifuata hadi kwenye korido ambako hawaruhusiwi na hakuna aliyewazuia. Nikakiingiza nasari, nikakichomeka. Taa ikawaka. Nikapiga magoti nyuma yake, nikafungua kisanduku, nikaanza kukagua waya kwa waya, maana kimesafiri, na nilitaka siku nzima nacho, nikisikilize kwa raha.

Nilikuwa nimekaza skrubu ya kwanza niliposikia viatu vya haraka. Sista Wambui alikuwa amesimama nyuma yangu, ametoka chumba cha kuzalia, na kitambaa cha kijani mikononi mwake kilikuwa kinalia.

"Fundi, kimeshapata joto?"

"Bado kidogo, Sista."

"Basi kimbiza. Na utoke hapo."

Nikafunga kisanduku, nikatoka.